Mzee wa Kuniposea

Kwetu posa haijibiwi siku ile ile. Hata kama jibu limeshakaa mdomoni, unalimeza. Unawamiminia wageni kahawa, unawaambia tumewasikia, tupeni muda tuulizane. Kisha wanalishwa halua na kusindikizwa mpaka nje kwa maneno mazuri. Hata mtu usiyemtaka kabisa anafanyiwa hivyo. Mama yangu, Bi Mashavu, ndiye aliyenifundisha haya, na hakuchoka kujisifu kwamba sisi watu wa Unguja tumekaa Jidda tangu babu alipohama mwaka wa sitini na nne, na adabu zetu hazijapotea hata moja.

Zilipotea Ijumaa ile, baada ya sala ya alasiri, nikiwa natazama.

Nilikuwa nimejibanza nyuma ya mlango wa jikoni, nyumbani kwetu Aziziya. Mimi Wafaa, mwanamke mzima nimeshavuka thelathini, mpambaji wa waigizaji anayeitwa kazini mpaka Riyadh, nachungulia mgeni wangu kwenye ufa wa mlango. Sebuleni alikuwa Ami Marwan, ndugu wa marehemu baba, ambaye ndiye walii wangu, mwenye haki ya kuniozesha. Mbele yake aliketi Mzee Tanimu, aliyekuja kuniposea kwa niaba ya Sanusi.

Sanusi mwenyewe hakuja, kwa sababu mwenye kuposa haji, hutuma wazee. Naye ni mtu wa Zinder, Nijeri, mwongozaji wa filamu, na huku Saudia hana ndugu. Rafiki yake mkubwa, Daktari Gado wa Riyadh, ndiye aliyefaa kuja, lakini Sanusi aliniambia kuwa daktari amesafiri. Badala yake amempata mzee mmoja wa Kihausa anayekaa mtaa wa maskini wa Karantina, mtu wa dini, mpole, anauza miswaki mlangoni mwa msikiti. Sikuuliza zaidi. Nilikuwa nampenda kiasi kwamba angemtuma hata paka ningemtandikia mkeka.

Mzee Tanimu alivaa kanzu iliyopigwa pasi mpaka ikasimama, na miwani mipya myeusi iliyomjaa uso. Aliingia akipapasa ukuta. Penye kizingiti alijikwaa, akajishika, akacheka kidogo kwa aibu. Ami Marwan hakuinuka kumpokea.

Kiarabu cha mzee yule kilikuwa safi. Alizaliwa hapa hapa Jidda, wazazi wake walikuja Hija hawakurudi. Alisoma dua, akasema wamekuja kwa heshima kumwombea kijana wao Sanusi binti yetu Wafaa, na kwamba kikubwa walichonacho ni hiyo heshima. Sauti yake ilitetemeka aliponitaja jina, nami machozi yakanitoka. Kisha akanyoosha mkono kuchukua kikombe cha kahawa. Mkono ulipita pembeni. Kikombe kikaanguka, kahawa ikamwagika juu ya zulia jeupe la mama.

Alipiga magoti papo hapo akaanza kufuta kwa ncha ya kilemba chake. Mama akaingia na kitambaa. Hakumpa mkononi. Alikidondosha sakafuni mbele yake, akasimama akimwangalia anavyopangusa, na midomo ameikunja.

"Halas, mzee, usijisumbue," Ami Marwan akasema. "Sisi hatuozeshi Matakruni."

Takruni ndilo jina wanaloitwa huku watu wa Afrika Magharibi, na halitamkwi kwa mapenzi. Ami yangu alilitamka kama mtu anayetema kokwa. Ami Marwan huyo huyo ni mweusi kuliko Mzee Tanimu, na alikulia mtaa ambao watoto wa Kiarabu walikuwa wakimwita majina ambayo hadi leo hataki kuyasimulia.

Mzee aliaga kwa salamu kamili. Hakuna aliyemsindikiza.

Mlango ulipofungwa mama alimwita Eucabeth, dada wa Kikenya anayetusaidia kazi, akamwambia avitupe vikombe vyote vya kahawa, na zulia alisugue kwa klorini.

"Madam, hivi ni vizima," Eucabeth akasema. "Nivitupe aje na havijavunjika?"

"Vitupe. Na ukimaliza nawa mikono."

Nilimtazama mama yangu, mwanamke niliyekuwa nikibusu mkono wake kila asubuhi, nikaona kinyaa kumgusa. Nilimwambia yule alikuwa mgeni wake. Mama akanigeukia bila haya yoyote.

"Mgeni gani anayekuja kupapasa kuta za watu? Hebu nikuulize, mwanangu. Mwanamume anayekutaka kweli hutafuta mtu mzito wa kumtuma. Wako kamtafuta nani? Tena miye sikumtukana yule mzee. Aliyemtukana ni aliyemleta hapa."

Niliona ni maneno ya mtu asiyekuwa na la kusema. Nilichukua mkoba wangu, na Jumamosi mchana nilikuwa Riyadh.

Sanusi nilimjua huko huko, kwenye tamthilia ya Ramadhani aliyoitwa kuiongoza. Kazi yangu ni nyuso: jasho, majeraha, uzee, machozi. Machozi ninayo kwenye kichupa. Unamdondoshea mwigizaji pembeni mwa jicho, shughuli imekwisha. Siku ya kwanza Sanusi alikitazama kile kichupa, akaniomba nikirudishe kwenye mkoba. Alimkalisha yule mwigizaji, binti mdogo wa Kisaudia, akamwuliza taratibu habari za baba yake, kisha akanyamaza na kungoja. Yule binti alilia mpaka mafundi wa taa wakageuza nyuso. Nami nilimpenda palepale, sifichi. Nilikuwa nimechoshwa na machozi ya chupa.

Na alikuwa akinitazama. Wanaume wengine wakikutazama wanaharakisha, wanaiba. Sanusi alitulia usoni mwangu bila kupepesa, nikizungumza, nikila, nikikasirika na brashi zangu, mpaka nikahisi sijawahi kuonwa na mtu tangu kuzaliwa kwangu.

Filamu zake nilizitazama zote. Alikuwa mtoto wa fundi redio, akaanza kwa kubeba mikanda ya sinema ya uwanjani, ile ya kuonyeshwa ukutani, mpaka akafika Niamey kujifunza kamera. Filamu yake ya kwanza ni ya mama yake kitandani, siku zake za mwisho. Ya pili ni ya mdogo wake aliyerudi kutoka jangwani akili zimemruka. Ya tatu ni ya mke wake wa kwanza na mimba zake zilizoharibika. Kila moja ilimpa tuzo, na Ulaya watu walisimama wakampigia makofi. Nami nilizitazama leso mkononi, nikijiambia kwamba mwanamume anayeyaona maumivu ya watu hivi atayaona na yangu.

Aliyaona.

Chumba anachohariria filamu kiko Al-Shumaisi, ghorofa ya juu ya duka la dobi, kina harufu ya mvuke na sabuni. Nilimkuta na Elly, mhariri wake, kijana wa Kisumu. Sanusi aliinuka mara moja. Macho yalikuwa mekundu kwa kukosa usingizi, lakini uso wake ulikuwa na furaha ambayo sikuwahi kuiona. Nikadhani ni kwa ajili yangu.

Nilianza kumweleza yaliyotokea. Nilimwomba radhi kwa ajili ya ami, nikamwomba kwa ajili ya mama. Akaniacha nimalize.

"Najua," akasema.

"Mzee amekwambia?"

"Kaa, Wafaa. Nataka uone mwenyewe."

Elly alibofya kitu, kisha akasimama bila kunitazama. "Sista, mi nashuka kununua chai," akasema, akatoka upesi. Hapo ndipo ningepaswa kujua kuna jambo.

Kwenye skrini alitokea mzee nisiyemfahamu, amekaa kwenye ngazi ya nyumba za Karantina. Sauti ya Sanusi ikamwambia aseme, tumekuja kuwaombea binti yenu. Akasema vizuri, kwa meno yake kamili na tumbo la mtu anayekula. Akafuata mwingine, naye akasema. Wa tatu alikuwa Mzee Tanimu. Alisema maneno yale huku amejishika mikono, na sauti ikamtetemeka vilevile nilivyoisikia sebuleni kwetu. Sauti ya Sanusi ikasema, huyu.

Alikuwa amewafanyia majaribio. Wazee wa kuniposea aliwajaribu kama tunavyowajaribu waigizaji wa nafasi ndogo, akamchagua mwenye uso wa kuonewa.

Kisha picha ilibadilika na mlango wa kwetu ukafunguka. Niliona sebule yetu kwa kimo cha mzee aliyeinama. Nilimwona Ami Marwan alivyokataa kuinuka. Niliona mikono ya mzee ikitafuta kikombe, kahawa ikienea, na juu kabisa uso wa mama yangu, mkubwa, uliokunjamana, ukimtazama kutoka juu kama uchafu.

"Angalia uso ule," Sanusi akasema kwa sauti ya chini, karibu na sikio langu. "Hakuna mwigizaji duniani anayeweza kunipa uso ule."

"Kamera ilikuwa wapi?"

"Kwenye miwani."

"Na miwani yake mwenyewe?"

"Ipi?"

"Ya kuonea, Sanusi. Yule mzee hana miwani yake?"

"Anayo, imefungwa kwa uzi. Nilimwambia aiache nyumbani, nikampa hii, nikasema ni zawadi."

"Kwa hiyo alikuwa haoni."

"Ndiyo." Akatikisa kichwa kama anayeshukuru. "Hilo sikulipanga. Mungu ametujalia."

Nilikaa nimeshika mkoba wangu. Chini wapiga pasi walikuwa wakicheka, mvuke ukipanda kwenye ngazi. Nilimwuliza kuhusu Daktari Gado, nikitumaini bado kuna jambo nisilolielewa. Alinijibu bila kuficha. Hiyo ndiyo hulka yake, hafichi akishakamatwa. Daktari hakusafiri. Alikuwa tayari kuja, tena amekasirika kwa kutoitwa.

"Gado angekuja, mngemfukizia udi," akasema. "Ami yako angempa kiti chake. Na mimi na wewe tusingejua kilichomo ndani ya nyumba ile."

"Tungeoana."

"Tutaoana. Nitamleta Gado mwezi ujao, atasema yule mzee alikuja bila kutumwa, ami yako atakubali. Lakini kabla ya hapo nakuhitaji uondoke kwenu kweli. Filamu inamalizika ukiwa mlangoni na sanduku lako, mama yako amesimama nyuma. Hutaigiza chochote. Utaondoka tu, mimi nitakuwa barabarani."

Mtu asiyempenda angeinuka palepale. Mimi nilikaa, na aibu yangu ni kwamba kwa muda nilikuwa nikipima. Nilikuwa namtaka. Nilitaka nyumba naye, Zinder au popote, nilitaka kuamka na uso wake mto mmoja. Na njia alikuwa ameshaichora, hata ami angekubali. Nilichotakiwa ni kunyamaza tu.

"Dada zako walisemaje," nikamwuliza, "ulipowaonyesha watu mama yenu kitandani vile?"

"Hatuzungumzi siku hizi."

"Na mdogo wako?"

"Hataki kuniona."

"Na yule mke?"

"Wafaa, wale ni watu wasioelewa kazi. Wewe unaelewa. Ndiyo maana nimekuonyesha wewe kwanza."

Nikamwambia afute. Akasema hawezi. Nikamwambia si kwamba hawezi, hataki. Akanitazama, akasema kweli, hataki, ndiyo filamu bora aliyowahi kuitengeneza. Kwa jibu lile nilimheshimu kidogo. Kisha nikaanza kulia. Kilio kilinijia vibaya, mdomo wazi, makamasi yakitiririka, sikuweza kukizuia wala kukificha.

Sanusi aliinuka akanijia, mkono ameunyoosha. Nilifumba macho. Nilijua akinigusa tu nitasamehe kila kitu, na nilikuwa tayari, Mungu anajua nilikuwa tayari.

Hakunigusa. Nilisikia akinipita, nikafumbua macho. Alikuwa dirishani. Alilisogeza pazia kidogo, kadiri ya kiganja, mwanga wa mchana ukaniangukia shavuni lenye machozi, akarudi nyuma hatua moja akaniangalia.

Hakuwa na kamera. Sidhani hata alikusudia. Mkono wake ulifanya wenyewe. Niliona akigundua alichofanya. Uso ukamshuka, akaliachia pazia kama limemchoma.

"Wafaa," akasema.

Kile kinyaa nilichomwonea mama kilirudi, safari hii kikubwa zaidi. Macho yale niliyoyapenda hayakuwahi kunitazama mimi. Yalikuwa yakingoja nitoe kitu. Nilishuka ngazi nikiwa nimeziba mdomo, nikampita Elly amekaa chini na chai tatu zinapoa.

Jumapili asubuhi, kutoka uwanja wa ndege wa Jidda, sikwenda nyumbani. Nilimwambia dereva anipeleke Karantina.

Mzee Tanimu nilimkuta nje ya chumba chake, anafunga miswaki mafungumafungu, amevaa miwani yake ya zamani yenye uzi. Aliponitambua aliinuka. Nilimsihi akae, akakataa, akabaki amesimama mpaka nilipopata pa kukaa mimi. Kabla sijafungua mdomo akaanza kuniomba msamaha.

"Binti yangu, nimekuharibia," akasema. "Tangu juzi chakula hakinipiti. Mkono huu sijui uliingiwa na nini. Mwambie Sanusi atafute mzee mwingine, aende tena. Na mama yako mwambie zulia lake nitakuja kulisafisha mwenyewe."

Nilikwenda pale nimekusudia kumweleza yote. Nilitaka ajue alivyotumiwa, amkasirikie Sanusi pamoja nami, nisiwe na hasira hizi peke yangu. Lakini akaniambia kwamba hakujaliwa mtoto, na kwamba katika maisha yake yote hakuna mtu aliyewahi kumtuma kwenda kuposa. Alipotumwa alikwenda kunyoa, akaazima pasi, akayakariri maneno usiku kucha. Ningemwambiaje mtu huyo kwamba hakuwa mzee wa posa, alikuwa amepata nafasi kwenye filamu?

Nikamwambia hajaharibu chochote. Kisha nikamwuliza jambo ambalo mzee wa posa lazima aulizwe akirudi, kwa sababu anayekwenda kuposa naye huangalia nyumba anayoiingia.

"Baba, ungekuwa na mtoto wa kiume, ungemposea kwetu?"

Alifunga fungu zima la miswaki kabla ya kujibu.

"Wewe ni binti mwema sana," akasema, akarudi kwenye miswaki yake.

Nyumbani mama alinifungulia mlango mwenyewe. Alinitazama mara moja tu akajua yamekwisha, na furaha yake ilikuwa kubwa mno hata hakujaribu kuificha. Alinikumbatia, akamshukuru Mungu, akamwita Eucabeth alete udi. Zulia lilikuwa limerudishwa mahali pake, linanuka klorini. Juu ya meza kulikuwa na vikombe vipya vya kahawa.

"Miye nilikwambia," akasema. "Nilikwambia, watu wale si watu. Haya niambie, kakufanya nini?"

Nilikuwa na la kumwambia. Ningeanza tu, miwani, majaribio, pazia, angepiga kofi mapajani na kesho yake kila jamaa yetu Jidda angekuwa na habari. Alichofanya Sanusi kingekuwa kimefanywa na Matakruni wote. Kingekuwa kimefanywa na Mzee Tanimu. Na mama angeendelea kudondosha vitambaa mbele ya watu mpaka anakufa, akijua alikuwa na haki.

"Hakunifanya kitu," nikasema. "Tumekataliwa."

"Nani kakataliwa?"

"Sisi. Mzee Tanimu amekataa. Mzee wa posa huangalia nyumba, mama, wewe ndiye uliyenifundisha. Ameiangalia yetu. Amesema hawezi kumposea kijana wake kwa watu wasiojua kupokea mgeni."

Mkono wa mama ulikuwa bado begani kwangu, nikauhisi unalegea.

"Yule?" akasema. "Yule wa kupapasa? Atukatae sisi?"

"Ametukataa."

Akakaa kitako. Nilingoja aseme lolote juu ya mzee yule. Hata neno moja la majuto lingenitosha, ningepiga magoti nimsamehe na nimwambie kweli. Uso ulimbadilika, mpaka nikaanza kuwa na tumaini.

"Kasema hivyo mbele ya nani?" akauliza.

Niliingia chumbani kwangu, nikafunga mlango, nikamlilia Sanusi peke yangu, na mama nikamwacha sebuleni akipekua kichwani watu ambao huenda wameshasikia.